Kizuka wa Mwambani

Kisiwa hicho hakikuwa na jina. Waliokaa humo walisema "hapa", na neno hilo likawatosha. Kilikuwa cheupe chote, na mchanga wake haukuletwa na mto wala haukushuka mlimani, maana mto hakukuwa na mlima hakukuwa. Mchanga ulitoka matumboni mwa samaki. Pono, mwenye mdomo mgumu kama wa kasuku, hukwangua mwani juu ya matumbawe, akamega na jiwe lenyewe, akalisaga kwa meno mengine yaliyojificha kooni, kisha akalitoa nyuma yake kama wingu la unga. Wingu moja si kitu. Mawingu ya miaka elfu ni nchi. Basi mtu wa hapa alizaliwa juu ya kinyesi cha pono, akaswali juu yake, akazikwa ndani yake, wala hakuona aibu. Kila mtu duniani amesimama juu ya kitu kilichopita tumboni mwa mwingine. Tofauti ni kwamba watu wa hapa walilijua hilo.

Mwamba ulikuwa na mlinzi, na mlinzi alikuwa Shaame bin Vuai. Yeye ndiye aliyesema leo umefungwa, leo umefunguliwa. Maji yakipwa, watu wakitembea hadi ukingo wa nje kuokota na kuvua, yeye ndiye aliyesimama juu ya jiwe akaita, "Rudini!" na hapo tu ndipo watu waliporudi, kabla mkondo ulio kati ya mwamba na ufuko haujajaa ukawachukua. Hakuwa na askari wala fimbo. Alikuwa na sauti: nzito, ya taratibu, ambayo mtu akiisikia miguu yake hugeuka kabla hajaamua.

Jambo ambalo watu hawakulijua, au walilijua wakalifumbia macho, ni kwamba Shaame hakuwahi kuuona mwamba wenyewe tangu ujanani. Masikio yake yalipasuka akiwa na miaka ishirini na miwili, na tangu hapo akiingiza kichwa majini dunia humzunguka akatapika. Aliyezama ni mke wake mkubwa, Mize. Miaka thelathini Mize alishuka kwenye mapango ya matumbawe, akarudi nguo zikichuruzika, akamwambia mumewe jikoni, "Kundi la kusini limepungua. Majike saba, dume mmoja. Mwani unapanda." Naye Shaame akatoka barazani akayasema hayo hayo. Maneno ya Mize, sauti ya Shaame. Watu wakatii.

Halafu ukaja mwaka ambao bahari ilipata moto kama maji ya kumwogeshea mzazi. Matumbawe yakapoteza rangi, yakawa meupe, mengi yakafa. Juu ya mizoga yao ukaota mwani, mzito, wa kuteleza. Mize alizama, akatoka. Kisha akasema, "Funga mwamba, mume wangu. Tumbawe changa haliwezi kushika penye mwani, na wa kuunyoa mwani ni pono peke yake. Tukimvua pono sasa, tumekwisha. Usifungue hata wakilia."

Shaame akafunga. Watu wakalia. Na mwaka wa pili wa kufunga, adhuhuri moja, akiwa na bakuli la uji mkononi, Shaame akafa.

*

Mjane hukaa ndani miezi minne na siku kumi, asionwe na mwanamume wa kando. Mjane aliye ndani huitwa kizuka, na neno hilo hilo ndilo tunaloliitia kila kinachotokea pasipo na mtu. Huenda waliolitunga walijua walichokuwa wakikisema. Nyumba ya Shaame ilikuwa na vizuka wawili: Mize, aliyekuwa na miaka hamsini na mmoja, na Riziki, mke mdogo, mwenye ishirini na sita, aliyeletwa kutoka ng'ambo miaka minne nyuma na ambaye hakuwahi kurudi kumwona mama yake hata mara moja, kwa sababu Shaame hakupenda.

Nyumba zote za hapa zilijengwa kwa mawe ya matumbawe na chokaa yake. Siku ya tisa ya eda, katikati ya mchana, Mize akasikia kitu ukutani. Kwaru. Kimya. Kwaru, kwaru.

"Panya," alisema Riziki.

"Panya hatafuni jiwe."

Walitazama juu. Kutoka penye boriti ulikuwa ukimwagika unga mweupe, mwembamba, ukitua juu ya mkeka bila sauti. Riziki alichukua ufagio akafagia. Mize alitega sikio. Sauti ile aliijua kuliko alivyoijua adhana. Ndiyo anayoisikia mzamiaji akiwa chini, pande zote: midomo mingi ikimega mwamba kwa pamoja. Hakuwahi kuisikia kwenye hewa.

Tangu siku hiyo nyumba ililiwa. Haikuanguka, ililiwa tu, taratibu, mchana, na kila alasiri Riziki alizoa kibaba cha mchanga akakimwaga uani. Siku nazo zikawa kama mchanga huo. Jumatatu ilifuatwa na Jumatatu nyingine. Mara Mize aliamka akaona ni juzi. Mara alijiona ni mwari, Shaame yuko mlangoni na posa, na papo hapo mkono ulioshika kikombe ulikuwa wa kizee. Alijiambia ni huzuni. Huzuni, alijiambia, ni nyumba isiyo na saa.

Mwezi wa pili alikuja Haji Mcha. Haji alikuwa nahodha wa juya, wavu mkubwa wa kukokota ambao ukipita mwambani hauachi hata mtoto wa samaki. Hakuwa mtu mbaya. Alikuwa na watoto tisa na mama kipofu, na miaka miwili hakuwa amelitia juya lake majini. Alisimama nje ya dirisha lililofungwa, kama ilivyo adabu.

"Hodi, Bi Mize. Poleni na msiba."

"Tumeshapoa," Riziki alijibu kutoka ndani.

"Nimekuja kwa heshima. Mlinzi hayupo, Mungu amrehemu. Katazo la mtu hufa na mwenyewe. Kesho tunaingiza juya kusini. Nimeona niwaambie ninyi kwanza, msije mkasikia kwa watu."

Mize alisimama. Alitaka kusema: Haji, mwanangu, nisikilize, nimeona kwa macho yangu. Alijua pia jinsi Haji atakavyomjibu, kwa upole, kama mtu anavyomjibu mjane aliyechanganyikiwa. Akafungua kinywa.

"Mwamba umefungwa."

Riziki aliangusha kikombe. Nje, Haji Mcha alirudi nyuma hatua tatu, kisha zikasikika kandambili zake zikikimbia.

Sauti ile ilikuwa ya Shaame. Haikuwa kama ya Shaame. Ilikuwa yenyewe, na uzito wake, na ule utaratibu wake. Mize alijishika shingo. Palikuwa na joto. Na nisifiche: alifurahi. Miaka thelathini alikuwa na maneno bila sauti. Sasa vyote viwili vilikuwa kooni mwake. Alikaa chini akacheka hadi machozi yakamtoka, na kicheko kile kilikuwa chake bado.

*

Watu walianza kuja dirishani. Walikuja wawili wawili, mchana kweupe, wakauliza, wakajibiwa, wakaondoka wameinamisha vichwa, isipokuwa mzee mmoja mchoma chokaa, aliyekwenda akinung'unika. Mwamba ulibaki umefungwa. Hakuna aliyeuliza vipi maiti anasema. Walichoka kutokuwa na wa kuwaambia la kufanya, na mtu aliyechoka hivyo hamwombi msemaji cheti cha uhai.

Lakini Mize alikuwa na jambo alilolijua kuhusu pono ambalo hakuwahi kumwambia mtu, hata Shaame. Kundi la pono lina dume mmoja, wa rangi ya buluu na kijani, na majike yake ya hudhurungi. Dume akifa, kundi halingoji mgeni. Jike kubwa kuliko yote huanza kuogelea mbele. Huwachapa mkia wenzake. Hudhurungi yake hufifia, doa la buluu likaota karibu na mdomo, likaenea shavuni, ubavuni, hadi baada ya majuma kadhaa yai halimo tena tumboni mwake, naye ni dume kamili, na wenzake wanamfuata kana kwamba ndiye aliyekuwepo siku zote. Mize aliliona hilo mara nne kwa macho yake. Kila mara alipanda juu na swali moja, akalimeza pamoja na maji ya chumvi. Lile jike limekwenda wapi? Halikufa, maana hakuna mzoga. Halipo, maana hakuna jike. Je, mtu hukalia kiti, au kiti humkalia mtu?

Mwezi wa tatu Riziki alimwekea kahawa upande wa kulia, alikokaa Shaame. Hakujua kama amefanya hivyo. Mize akainywa, naye miaka yote hakuwahi kunywa kahawa. Kisha akasikia mkono wake ukigonga sinia kwa kikombe mara mbili, kuagiza kingine.

"Dada," alisema Riziki, akiitazama sakafu, "eda ikimalizika nataka kwenda kwa mama yangu. Wameniletea habari haoni vizuri. Nitakaa huko. Wewe unajua nimeishije hapa."

Mize alijua. Ndiye aliyemfuta machozi Riziki mwaka ule wa kwanza. Alitaka kusema: nenda mwanangu, nitakufungia mzigo mwenyewe.

"Mwanamke wa nyumba hii hatoki," alisema.

Ukuta ulimega. Kwaru.

Riziki aliinua uso. Hakupiga kelele. Alimwangalia Mize kwa muda mrefu, kama mtu anayetafuta sindano kwenye mkeka, kisha akauliza polepole, "Ni nani aliyesema hivyo?"

"Si mimi," alisema Mize kwa sauti yake nyembamba. Na papo hapo, kutoka kifua kile kile: "Ni mimi."

"Dada Mize. Nitazame. Wewe ni nani?"

Mize alikwenda kwenye chumba cha ndani akafunga mlango. Huko alikaa na ile sauti, wawili katika koo moja.

Umenipa nini nisichokuwa nacho, wewe?

Mwamba. Nimekupa mwamba. Uliuomba miaka thelathini.

Niliomba kusikika.

Ndiko kusikika. Hakuna kwingine. Sauti ya jike haigeuzi miguu ya mtu, umeiona mwenyewe. Pono wangapi wamezaliwa kwa ajili ya koo hili?

Na Riziki?

Riziki ni sehemu ya mwamba. Kila kilichomo ndani ya mpaka ni mwamba. Ukishika mpaka unashika vyote, huchagui. Huyu atafuata, na Haji atafukuzwa, na yule mchoma chokaa anayenung'unika atanyamazishwa. Si ubaya. Ni kulinda.

Shaame, ni wewe?

Hapo sauti haikujibu. Na kunyamaza kwake ndiko kulikomtisha Mize kuliko yote yaliyotangulia, kwa sababu Shaame, kwa makosa yake yote, alikuwa mtu wa kujibu akiitwa. Mize akatambua kwamba huenda hata mumewe hakuwa na sauti ile. Huenda alikuwa kijana mwenye masikio yaliyopasuka, mwoga, mwenye kupenda uji wa mtama, na sauti ilimkuta yeye pia barazani siku moja, ikamkalia. Alimlilia upya hapo, kwa mara ya kwanza kwa haki.

*

Siku ya mwisho ya eda ilikuwa siku ya bamvua kubwa. Wajane walioga, wakabadili nguo, wakafungua mlango. Maji yalikuwa yamepwa hadi mwamba wote umetoka nje, na mji mzima ulikuwa huko ukingoni, watu mia na ushei, wamesimama kwenye jua wakimngoja kizuka atoke. Haji Mcha alikuwa na juya begani pamoja na watu wake. Njaa ilikuwa imemkausha mashavu.

Mize alitembea hadi kwao, Riziki nyuma yake. Hakusimama juu ya jiwe la mlinzi. Alifunga nguo kiunoni akaingia kwenye shimo la maji ya kusini, akazama.

Miezi minne. Chini kulikuwa na mwanga wa kijani, na ile sauti ya midomo, mahali pake panapostahili. Aliwaona. Kundi lilikuwa kubwa kuliko alivyowahi kuliona. Pale walipopita mwamba ulikuwa umenyolewa safi, na juu ya jiwe safi, alipousogeza uso wake karibu, palikuwa na vitu vidogo vya waridi, vya ukubwa wa ukucha. Matumbawe machanga. Aligusa kimoja kwa ncha ya kidole, akapanda juu.

"Mimi ni Mize binti Makame," alisema. Ilikuwa sauti yake, nyembamba, yenye kutetemeka, na waliokuwa nyuma waliulizana anasema nini. "Shaame amekufa. Sauti mliyoisikia dirishani ilitoka kooni mwangu, wala sijui ilikuwa ya nani. Haitatoka tena. Nitawaambia nilichokiona sasa hivi. Majike kumi na tisa. Dume mmoja. Matumbawe yameanza kushika, madogo, kama kucha. Juya likipita yatang'oka yote."

"Sasa mwamba umefungwa au umefunguliwa?" aliuliza Haji.

"Nimekuambia nilichokiona."

"Nakuuliza umefungwa au umefunguliwa, Bi Mize!" Hakuwa na hasira. Karibu alikuwa analia. "Sema basi nijue!"

"Na wewe una macho, Haji. Zama ukaone."

Hakuna aliyezama. Hakuna aliyevua. Hakuna aliyeondoka. Walisimama na juya lao lililofunguliwa nusu, wakamtazama mdomo. Na maji yakaanza kurudi.

Kwanza yalijaza nyayo zao. Kisha vifundo vya miguu. Riziki alisema, "Dada, mkondo." Mize aligeuka: kati yao na ufuko, mfereji ulishaanza kwenda kwa kasi. Watu wote waliuona. Walijua, tangu utotoni, kwamba maji yakifika hapo watu hurudi; lakini walijua pia kwamba hurudi wakiitwa, na hakuna aliyeita. Mama mmoja alimpandisha mtoto mgongoni akaendelea kusimama. Maji yakafika magotini. Mchoma chokaa mzee alianza kusoma dua.

Niite, ilisema sauti kooni. Neno moja tu. "Rudini." Ukinyamaza watakufa kwa ajili ya kiburi chako.

Ilikuwa kweli. Hilo ndilo lililokuwa baya: ilikuwa kweli. Joto lilipanda hadi nyuma ya ulimi. Mize alijua kwamba neno hilo lingewaokoa wote leo, na kwamba kesho yake hakungekuwa na Mize wa kurudi nyumbani.

Alifunga kinywa. Akatembea ndani ya maji hadi kwa Haji Mcha, akaokota pindo la juya lililokuwa likielea.

"Haji," alisema, chini chini, kama jirani. "Zito hili. Nishikie huko."

Haji alimwangalia. "Ni amri?"

"Si amri. Mkono unaniuma."

Alisita. Sijui alifikiri nini. Pengine alimfikiria mama yake kipofu, aliyemwacha mlangoni. Kisha akashika pindo la pili. Wakaanza kulikunja kwa urefu, likawa kamba nene. "Othmani," Haji alimwambia aliye karibu, "shika hapa." Othmani akamwambia mkewe. Mkewe akamwambia mchoma chokaa, aliyeacha dua yake katikati. Neno lilikwenda hivyo, mtu kwa mtu, kila mmoja akilisema kwa mdomo wake, na mstari ukaanza kusogea kuelekea ufukoni.

Katikati ya mkondo maji yalimfika Mize shingoni. Hapo koo lilimkaza, akakohoa, akakohoa tena, na kilichotoka kilikuwa mchanga, konzi nzima, mweupe, mchungu. Ulitawanyika ndani ya maji ukaenda. Nyuma yake Riziki alikuwa amemshika kiuno kwa mkono mmoja na juya kwa mwingine.

Walifika wote isipokuwa mzee mmoja wa kaskazini, ambaye alikataa kushika kamba bila ya kuamrishwa na mlinzi. Jina lake lilikuwa Ngwali. Walimzika kesho yake, na Mize alisimama mbali kidogo na kaburi, kwa kuwa hakujua kama ana haki ya kusogea.

Jioni ya mazishi walikusanyika barazani kuzungumza habari ya mwamba, na kwa kuwa hapakuwa na wa kuwakatisha, walizungumza siku tisa. Ulikuwa ugomvi mkubwa. Watu walirushiana maneno ya babu zao. Haji alizama siku ya pili, akatoka na damu gotini, hakusema kitu hadi jua kuchwa, kisha akasema mengi. Siku ya tatu Riziki alipanda boti ya ng'ambo. Mize alimbebea mzigo hadi majini. Siku ya tano yule mchoma chokaa alimwita Mize mwongo na mwuaji, naye Mize akasimama akamjibu, wakapayukiana hadi wakaletewa maji ya kunywa.

Siku ya tisa waliafikiana. Upande wa kusini utafungwa. Upande wa kaskazini utavuliwa, kwa ndoana, si kwa juya. Mize alikuwa ametaka kote kufungwe. Alisema, akasema tena, sauti ikamkauka kabisa, wakamsikiliza wote hadi mwisho, kisha wakamkatalia.

Alirudi nyumbani peke yake kwenye jua kali. Kuta zilikuwa kimya. Alikoka moto, akabandika sufuria ya muhogo, akakaa kigodani akingoja uive, koo likimuuma kama kidonda. Alikuwa ameshindwa. Na aliyeshindwa alikuwa Mize, si mwingine yeyote.